Shajara ya mradi: kalenda ya mwezi ya Visiwa vya Mafungu

11 Januari

Sura ya nne ya riwaya imekwama kwa jambo dogo. Bi Chaza, mvuvi wa pweza, anakopa magunia mawili ya mtama kwa ahadi ya kulipa siku mwamba utakapofunguliwa tena kwa uvuvi. Mkopeshaji anamuuliza: utafunguliwa lini? Bi Chaza lazima ajue. Mimi mwandishi sijui. Basi riwaya ilale kwanza, tutengeneze kalenda.

Uamuzi wa leo: angani kuna mwezi mmoja tu. Najua kwenye hadithi za ulimwengu wa kubuni miezi miwili mitatu inapendeza, mmoja mwekundu, mwingine wa buluu. Lakini wengi wanaoitundika angani husahau kuiweka baharini. Miezi miwili maana yake bamvua mbili, yaani maji makubwa ya kujaa na kupwa, zinazofukuzana: zikikutana maji yanaingia mjini, zikipingana bahari inazubaa. Anayetaka kuandika hayo aandike, ni kazi nzuri. Watu wangu wanavua kwa miguu, na nataka maji yao yasomeke.

Majina ya miezi sigusi leo. Ndiyo sehemu tamu ya kazi hii, na mtu akianza nayo hafiki kwenye hesabu.

12 Januari

Hesabu imekaa. Mwaka wa jua wa Mafungu una siku 384. Mwezi, tangu kuandama hadi kuandama tena, siku 31 na robo. Siku yao ina saa 24 kama yetu. Sina haja ya kugombana na saa.

Mwezi wetu huchukua siku 29, saa 12 na dakika 44, ndiyo sababu miezi ya Hijria ina siku 29 au 30. Kwa robo yangu, miezi mitatu ya siku 31 inafuatwa na mmoja wa 32, na minne inafanya siku 125 kamili bila masalio. Nimeipenda robo kwa sababu hiyo hiyo: mtoto wa Mafungu anaweza kuihesabu kwa vidole bila kwenda kwa mwalimu.

Nimepitia fizikia ili isije ikanisuta baadaye. Kwa kanuni ya Kepler, inayounganisha muda wa mzunguko na umbali, kama sayari ina uzito wa dunia yetu, mwezi wa namna hii unakaa kilomita 399,000 hivi; wetu uko wastani wa kilomita 384,400. Tofauti inaonekana ndogo, lakini nguvu ya kuvuta maji hupungua haraka kuliko umbali unavyoongezeka: umbali ukizidi mara mbili, nguvu inabaki moja ya nane. Kwa uzito wa mwezi wetu, bamvua yao ingedhoofika kwa asilimia 11 hivi. Sitaki bahari dhaifu. Nimeuongezea mwezi uzito kwa robo, na sasa unavuta kwa asilimia 12 zaidi ya wetu. Mwamba utakauka vizuri.

18 Januari

Leo bahari, na hapa nitakaa.

Kwenye pwani yetu anayeishi kwa maji kupwa anaijua tarehe ya mwezi bila kutazama ukuta. Bamvua huja mara mbili kwa mwezi, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, na kati yake ni maji mafu, ambayo hayajai wala hayapwi sana. Unguja, siku za bamvua maji hupwa kabisa mnamo saa nne asubuhi, na tofauti ya kujaa na kupwa hukaribia mita 4. Ndipo unapowaona wakulima wa mwani wa Paje na Jambiani mashambani mwao, na wachokoaji pweza mbali kwenye mwamba. Maji mafu yakija, wote hao wana kazi nyingine. Wavuvi wa dagaa wana hesabu yao tofauti: wanavua kwa taa, kwa hiyo wanataka giza, na siku za mbalamwezi wanabaki nyumbani kushona nyavu.

Yaani mwezi mmoja huo huo unawapangia watu ratiba mbili zisizofanana. Kalenda nyingi za kubuni nilizoziona zinawapa watu wote wiki moja ya siku saba, nane au kumi, kisha mwezi unabaki pambo la usiku wa mapenzi na wa mbwa mwitu. Mafungu hawatakuwa na wiki. Mwezi wao unagawanyika kwa maji:

Bamvua ya Giza, usiku 8 za kwanza. Maji Mafu ya Kwanza, 8 zinazofuata. Bamvua ya Mwanga, 8. Maji Mafu ya Pili, 8 kwa mwezi wa siku 32 na 7 kwa mwezi wa siku 31.

Nimepima kama inashika. Kilele cha bamvua hakiji siku ile ile mwezi unapojificha au unapojaa, huchelewa siku moja au mbili. Hilali nayo huonekana siku moja hivi baada ya mwezi kujificha. Kwa hiyo kilele cha Bamvua ya Giza kinaangukia usiku wa 1 au wa 2, na cha Bamvua ya Mwanga usiku wa 16 au wa 17. Lo! Usiku wa 16 uko ndani ya Maji Mafu kwa mgawo wangu. Nimeacha hivyo makusudi. Mgawo uliopangwa na makarani wa mji lazima upishane kidogo na maji yenyewe, na wanawake wa mwamba lazima wacheke makarani.

Harusi ni usiku wa 14 na wa 15. Mila nzuri haikunipa sababu. Sababu ni kwamba wavuvi wa taa wako nyumbani na hakuna haja ya kununua mafuta ya kuwashia uwanja.

19 Januari

Siku inaanza jua likizama. Sioni hata haja ya kueleza jambo hili kwenye riwaya. Wazee wetu wakisema usiku wa Ijumaa wanakusudia ule unaotangulia mchana wa Ijumaa, na msomaji wa pwani hatatikisika. Wahariri wa bara watauliza, nitawajibu wakiuliza.

1 Februari

Majina, hatimaye.

Kielelezo changu ni hesabu ya Kiislamu ya pwani yetu, ambayo haina shida ya kubuni majina kumi na mawili. Idi ikipita mnaanza Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili, mnakwenda hadi Mfunguo Tisa, kisha Rajabu, Shaabani na Ramadhani yenyewe. Jambo kubwa la mwaka limesimama pale, na miezi tisa inahesabu imeliacha umbali gani. Nafikiri hakuna namna ya uaminifu zaidi ya kuita miezi. Watu hawahisi kila mwezi una roho yake. Wanahisi kitu kimoja kikubwa kimepita na kingine kinakuja.

Jambo kubwa la Mafungu ni kufunga mwamba. Kwa miezi miwili hakuna anayegusa pweza, ili wakue, kama vijiji vya wavuvi huku kwetu vinavyofanya. Basi: Mwamba Mosi, mwezi wa kufunguliwa, hadi Mwamba Tisa. Halafu Mangojeo, mwamba ungali wazi ila watu wanaweka akiba. Halafu Kifungo na Ukimya, miezi miwili ya kufungwa. Kumi na miwili.

Mwenzangu anayechora ramani alitaka mwezi mmoja uitwe Damu ya Nyota. Nimemwambia atafute mlima aubandike jina hilo.

8 Februari

Sasa jua.

Miezi 12 ni siku 375. Mwaka ni siku 384. Kila mwaka kalenda inaliacha jua nyuma kwa siku 9. Mtu ana njia tatu hapa, na zote zimewahi kutumiwa na watu halisi.

Ya kwanza ni kuuacha mwezi uende zake. Hijria inafanya hivyo, na Ramadhani inauzunguka mwaka mzima kwa miaka 33 hivi, ikipita kaskazi, masika na kipupwe. Kwa ibada ni sawa kabisa. Kwa pweza haifai, pweza ana msimu wake.

Ya pili ni kuwa na kalenda mbili. Pwani yetu ilifanya hivyo. Mwezi wa dini, na pembeni yake mwaka wa Nairuzi wa siku 365, uliohesabiwa kwa miongo ya siku kumi kumi, miongo 36 na siku tano za ziada. Manahodha na wakulima waliutegemea huo, na Mwaka Kogwa wa Makunduchi kila Julai ni mabaki yake yaliyo hai. Nairuzi haina siku ya nyongeza ya mwaka mrefu, kwa hiyo nayo husogea polepole dhidi ya jua, siku moja kwa kila miaka minne hivi. Ningeweza kuichukua nzima. Lakini riwaya yangu ina ugomvi mmoja tu wa kalenda, na kalenda mbili zingenigawia ugomvi nusu nusu.

Ya tatu ni kuongeza mwezi. Babeli walifanya, Wayahudi wanafanya hadi leo: miezi 7 ya nyongeza katika miaka 19, mzunguko ambao Wagiriki waliupa jina la Meton wa Athens, 432 KK. Miaka 19 ya jua na miezi 235 hupishana kwa saa mbili hivi tu. Ni bahati ya anga letu, si sheria ya maumbile, na mtu anayebuni anga lake hana haki ya kuikopa bila kupiga hesabu.

Nimepiga. Kwa Mafungu bahati iko kwenye miaka 7. Miaka 7 ni siku 2,688. Miezi 86, yaani miaka saba ya miezi 12 na miezi miwili juu yake, ni siku 2,687 na nusu. Tofauti ni nusu siku! Nilidhani lahajedwali imekosea, nikarudia kwa karatasi.

Mwezi wa nyongeza unaitwa Mgeni, na unakuja mwaka wa tatu na wa sita wa kila saba. Mwaka wa tatu ukiisha jua limebaki nyuma kwa siku 27, Mgeni anaziba na kuzidisha siku nne. Wa sita anaziba tena na kuzidisha nane na nusu. Wa saba unakula zote hizo, inabaki ile nusu siku.

Anaingia baada ya Mangojeo, kabla ya Kifungo. Angeingia baada ya Ukimya, mwamba ungefungwa miezi mitatu na watu wangekufa njaa. Na sheria yake moja: wakati wa Mgeni, deni halizai.

9 Februari

Nusu siku kwa miaka saba ni siku moja kwa miaka 14. Dola ya Mafungu, nilishaandika kwenye sura ya kwanza, ina miaka 280. Hiyo ni siku 20.

Yaani kalenda sasa inatangulia jua kwa siku 20, na mwamba unafunguliwa siku 20 mapema kuliko mwanzilishi wa dola alivyokusudia. Pweza hukua haraka mno. Wiki tatu kwake ni uzito mwingi. Wanawake wanatoka na pweza wadogo, na wanajua kwamba bibi zao walitoka na wakubwa. Mjini wanaambiwa wamekuwa wavivu, hawafiki mbali kwenye mwamba.

Sikuutafuta mgogoro huu. Umetoka kwenye robo siku niliyoichagua kwa sababu ilikuwa rahisi kuhesabu, na ni mzuri kuliko ule wa mirathi niliokuwa nimeupanga. Mirathi imefutwa.

Dawa ni Mgeni mmoja wa ziada. Kalenda itarudi nyuma siku 31, yaani itachelewa 11 badala ya kuwahi 20. Nani atapinga? Mkusanya ushuru wa mwaka, kwa sababu ushuru unasogea mbele mwezi mzima. Mkopeshaji, kwa sababu deni halizai. Nani atakubali? Kila mtu mwingine, yaani wasiokaa kwenye baraza la dola. Roma ya kale makuhani waliokuwa na mamlaka ya kuongeza mwezi walikuwa pia wanasiasa, na miaka ikarefushwa na kufupishwa kwa faida ya marafiki. Julius Caesar alipokuja kuinyoosha kalenda, mwaka 46 KK ulilazimika kuwa na siku 445. Baraza langu la Mafungu halihitaji kuwa baya zaidi ya hapo.

22 Februari

Nani anasema mwezi umeandama?

Msomaji wa Kiswahili analijua swali hili kuliko mtu yeyote. Ramadhani ikikaribia, simu zinapigwa kutoka Lamu hadi Mtwara. Kuna wanaosubiri mwezi uonekane kwao, kuna wanaofunga ukionekana popote duniani, na nyumba moja inaweza kuwa na Idi mbili. Nimejizuia kuandika mzaha juu ya hilo. Wanaobishana wana hoja pande zote, na nikiwafanya wahusika wangu wajinga nitakuwa nimekosa heshima na pia nimeandika vibaya.

Upande wa anga: hilali haionekani kama mwezi haujaachana na jua kwa nyuzi 7 hivi, kipimo kilichotolewa na Mfaransa André Danjon katika karne iliyopita. Mwezi wa Mafungu huachana na jua kwa nyuzi 11.5 kwa siku, kwa hiyo chini ya saa 14 na nusu tangu kujificha hakuna jicho litakaloona kitu. Wako karibu na ikweta, hilali yao hulala chali kama dau, haisimami kama zile za vitabu vya Ulaya. Mchoraji ameshaambiwa.

Upande wa watu: siku ya 31 ikiisha, jua likizama, wanapanda mnarani. Wakiona, mwezi mpya. Wasipoona, wanakamilisha 32. Kuna Watazamaji, wanaotaka jicho, na kuna Wahesabu wa mji mkuu, wanaotaka jedwali la robo. Kwenye anga safi hawapishani kamwe. Ugomvi unaletwa na mawingu.

Miezi minne ya mvua, wote kwenye minara hawaoni kitu, wanakamilisha 32 mara nne. Ni siku 128, na anga limetembea 125. Kalenda ya Watazamaji imechelewa siku tatu. Na hapa nikawakumbuka Wamursi wa bonde la mto Omo, kusini-magharibi mwa Ethiopia. Watafiti waliokaa nao miaka ya 1970 walieleza kwamba ukiuliza huu ni mwezi wa ngapi unapata majibu mawili, na kila mwenye jibu ana hoja. Hakukuwa na kadhi wala kamati. Mto Omo ulipofurika, ubishi ulikwisha. Ambaye hesabu yake haikulingana aliirekebisha na maisha yakaendelea.

Mafungu wana bahari. Wingu haliizuii bamvua. Maji yakikauka mpaka ukingo wa mwamba kalenda ikiwa bado inasema usiku wa 30, kila aliyesimama pale na kijiti mkononi anajua mnara umechelewa. Bamvua inasema tarehe, pweza anasema msimu. Baraza lina mnara na jedwali, na Bi Chaza ana mashahidi wawili wasioweza kuhongwa. Nimeandika sentensi hiyo kwenye kadi na kuibandika juu ya meza, kwa sababu riwaya yote ni hiyo.

Inamaanisha pia kwamba Wahesabu wana haki juu ya siku na wana makosa juu ya msimu. Watazamaji wana makosa juu ya siku, lakini ndio pekee wanaotazama nyota za alfajiri, kwa hiyo wangeweza kujua juu ya msimu kama wangetaka. Sisi tuna Kilimia: kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Wao nimewapa kikundi cha nyota tano, Vibuyu, kinachopaswa kuonekana alfajiri ya Mwamba Mosi. Kwa siku 20 zile, sasa hakionekani. Mzee mmoja wa mnara anajua na amenyamaza.

2 Machi

Nimepitisha kalenda kwenye sura zote zilizoandikwa. Mwezi mpevu uliokuwa unachomoza usiku wa manane sura ya pili umeondolewa. Mpevu huchomoza jua likizama, na wa usiku wa manane ni nusu inayopungua. Hilali ya alfajiri ya upande wa magharibi sura ya tatu, imeondolewa pia. Mashua iliyovuka mwamba kwenye maji makavu ya bamvua imesubiri saa sita.

8 Machi

Sura ya nne imefunguka.

Bi Chaza anakopa usiku wa 9 wa Mwamba Saba, mwaka wa sita wa mzunguko. Maji Mafu ya Kwanza, hana kazi mwambani, amekwenda mjini. Anasema atalipa mwamba ukifunguliwa. Mkopeshaji anatabasamu na kumwambia karani: "Usiandike mwamba, andika miezi sita. Ndiyo ile ile."

Kwa mwaka wa kawaida ndiyo ile ile kweli: Mwamba Saba, Nane, Tisa, Mangojeo, Kifungo, Ukimya, kisha Mwamba Mosi. Lakini mwaka wa sita una Mgeni. Miezi sita inaishia mwanzo wa Ukimya, mwamba umefungwa, hana pweza hata mmoja, na rehani ni fungu lake la mwamba alilorithi kwa mama yake.

Swali lililobaki kabla sijaandika jibu lake: Mgeni anatangazwa lini? Kama kila mtu anajua mwaka wa sita una Mgeni, Bi Chaza anajua pia, na mtego hauna maana. Naelekea kwenye utaratibu huu: jedwali linajulikana, lakini Mgeni hawi Mgeni mpaka baraza lipige pembe usiku wa 31 wa Mangojeo, na baraza limewahi kumruka. Basi mkopeshaji anacheza kamari upande mmoja, Bi Chaza upande mwingine, na anayekaa barazani ni shemeji wa mkopeshaji.

Kupatwa kwa mwezi na kwa jua sijakugusa. Kunahitaji mwinamo wa njia ya mwezi na mzunguko wake mwenyewe (wetu, wa miezi 223, ni miaka 18, siku 11 na saa nane hivi), na hakuna sura inayokudai kabla ya ya kumi na moja. Wiki ijayo naandika ya tano.